Jiwe la Zama katika Jangwa la Lanayru

Wapo wazee wenzangu ambao, wakisikia kuwa mtu mzima ameketi jioni nzima akitazama mchezo wa video, huhesabu kuwa ameutupa umri wake. Na mimi nilikuwa mmoja wao, hadi usiku ule mpwa wangu aliponisogezea kiti mbele ya televisheni akaniambia, "Mjomba, keti kidogo tu nikuoneshe bahari iliyokauka," nikaketi kwa kumridhisha, na nilipoinuka ilikuwa saa nane za usiku. Bahari niliiona, lakini kilichonikalisha ni jiwe, na jiwe lile limenishughulisha akili tangu siku ile kiasi cha kuona kuwa lastahili kuelezwa kwa wasomaji ambao hawajapata kuushika mchezo huo mkononi, na pengine hawataushika.

Mchezo wenyewe huitwa The Legend of Zelda: Skyward Sword. Uliundwa Japani na kampuni ya Nintendo, ukatolewa Novemba 2011 kwa mashine yao iitwayo Wii, kisha ukatolewa upya Julai 2021 kwa mashine ya Switch. Shujaa wake ni kijana aitwaye Link, mkazi wa kisiwa kieleacho juu ya mawingu, ambaye hushuka duniani kumtafuta rafiki yake Zelda, na katika kumtafuta hupita misitu, na mlima wa moto, na mwisho hufika katika nchi ya mchanga iitwayo Lanayru. Habari za misitu na mlima nitaziacha, kwa kuwa hikaya za namna hiyo ziko nyingi. Lanayru ni jambo jingine.

Huko Lanayru hapana mtu. Kuna mchanga, na majabali, na machimbo yaliyoachwa, na humo machimboni, huku na huko, wamelala roboti wadogo walioliwa na kutu, nusu yao wamefukiwa, mikono yao imeanguka kando kana kwamba kazi iliwashinda siku moja wakajilaza na wasiamke tena. Kati ya vifusi hivyo limechomoza jiwe, ambalo Wajapani waliolibuni wamelipa jina lenye kubeba maana ya zama na mahali kwa pamoja, nami kwa ufupi nitaliita jiwe la zama. Mpwa wangu alilipiga kwa upanga. Likawaka, na kutoka pale lilipo likaenea duara la nuru juu ya ardhi, na kila kilichoguswa na duara lile kikarudi kilivyokuwa mamia ya miaka nyuma: mchanga ukawa majani mabichi, reli iliyokatika ikaungana, chuma kikang'aa, na roboti aliyekuwa mzoga wa kutu akainuka, akajifuta, akaendelea na kazi yake ya kuchimba kana kwamba aliinama dakika moja tu kuokota sururu.

Nikasema, "Amefufuka!" Mpwa wangu akatikisa kichwa. "Hapana, Mjomba. Kwake yeye hakuwahi kufa."

Neno hilo ndilo ufunguo wa jambo zima. Jiwe la zama halimrudishii maiti uhai, wala halimchukui msafiri na kumpeleka katika karne nyingine, kama zifanyavyo ala nyingi za hadithi za aina hii. Msafiri hubaki yule yule, na umri wake ule ule, na upanga wake mkononi. Kinachobadilika ni mahali. Ndani ya duara ni zama zilizopita, kwa ukamilifu wake. Nje ya duara, hatua moja tu, ni jangwa la leo. Na anayesimama mpakani aweza kuuona wakati mmoja kwa jicho la kulia na wakati mwingine kwa jicho la kushoto. Duara likiondoka, roboti hunyamaza pale pale aliposimama, na kutu humrudia. Hana habari kuwa zama zake zimekwisha, na kwa yakini hilo ndilo lililonitia huzuni ambayo sikuitazamia katika mchezo wa watoto.

Kuna mahali jiwe hupakiwa juu ya kigari cha mgodini, kikasukumwa juu ya reli, na duara likasafiri nacho. Hapo mchezaji hulazimika kutembea ubavuni mwa kigari asikiache wala asikitangulie, maana daraja analolikanyaga lipo kwa kadiri jiwe lipitavyo: mbele ya kigari daraja bado halijakuwa, nyuma yake halipo tena, na katikati, kwa upana wa ukumbi wa nyumba, lipo imara na mbao zake zimekaza. Nilimwona kijana yule akikaza meno, akihesabu hatua, na mara mbili alichelewa akaanguka. Sijapata kuona mfano uliofasiri vizuri zaidi maana ya neno "sasa", ambalo wanafalsafa wameandika vitabu juu yake. Hapa limefasiriwa kwa kigari na reli.

Wala jiwe halichagui. Lirudishapo majani mabichi hurudisha na maadui waliokuwa wakilinda machimbo. Lirudishapo mwanga wa taa hurudisha na umeme uliotiwa katika nyua ili uue. Aghalabu mtu atamaniye zama za kale huzitamani kwa kuchambua, akataka ukarimu wa wazee bila maradhi yao, na utulivu wa mji wa zamani bila dhuluma iliyokuwa ikitendeka ndani ya utulivu ule. Watungaji wa mchezo huu hawakumruhusu mchezaji kuchambua, na kwa hilo nawapa heshima. Liko pia jiwe la wakati katika hadithi za Kimarekani za Marvel, la rangi ya kijani, ambalo mwenye kulivaa kifuani huyatawala majira apendavyo. Lakini lile ni jiwe la mfalme, na hili la Lanayru ni jiwe la mchimbaji, lachimbwa, lapakiwa kigarini, na hufanya kazi kwa kila alipigaye, awe mwema au mwovu.

Sasa nirudi kwenye bahari, ambayo ndiyo niliyoitiwa. Upande mmoja wa Lanayru kuna uwanda wa mchanga usio na mwisho, na ukingoni mwake kuna gati lililobomoka, na penye gati kuna mashua ndogo, na ndani ya mashua amelala roboti mmoja kama wale wa machimboni, ila huyu ni nahodha. Jiwe la zama limo ndani ya mashua yake. Lipigwapo, nahodha huamka, na mchanga ulioizunguka mashua huwa maji. Maji hayo si ya uwanda mzima, bali ni ya duara lile tu. Mashua inapong'oa nanga na kwenda, bahari huenda nayo: mbele ya omo mchanga unageuka mawimbi, nyuma ya tezi mawimbi yanageuka mchanga, na nahodha anashika usukani kwa fahari, akitazama upeo wa macho, asijue au asitake kujua kuwa bahari yake yote haizidi hatua chache kutoka ubavuni mwa chombo chake. Sisi tuliozaliwa pwani, ambao tumewaona manahodha wazee wakiketi barazani na kutaja bandari kwa majina, Lamu, Mukalla, Sur, Maskati, na kwa kutaja tu upepo wa kaskazi ukaanza kuvuma masikioni mwetu, hatuhitaji kuelezwa nahodha huyu ni nani.

Merikebu yake kubwa ilinyang'anywa na maharamia, na mabaharia wake wakafungwa ndani ya ngama. Kijana Link huitafuta merikebu hiyo mchangani, akaipanda, na juu ya mlingoti wake akakuta jiwe jingine la zama, ambalo hawezi kulifikia kwa upanga. Hana budi apate upinde, na kwa mshale akilipiga, merikebu nzima hugeuka, tangu sitaha hadi ngama: mara ni gofu lililokwama katika mchanga, mara ni chombo kipya kinachoyumba juu ya maji. Mlango ambao leo umeziba kwa kutu jana ulikuwa wazi, na kipengee ambacho jana kililindwa na mashine za moto leo kimelala kimya. Basi mchezaji hupita akizichanganya zama mbili kama mtu afumaye ukili, mwaa mmoja wa leo na mwaa mmoja wa jana, hata akafika walipofungwa mabaharia, akawafungulia.

Na kuna habari ya joka la radi, ambayo nitaieleza kwa ufupi kwa sababu yatosha yenyewe. Katika bonde moja la Lanayru umelala mfupa mkubwa wa joka, umefunikwa mchanga. Jiwe likifikishwa pale na kupigwa, mifupa huvaa nyama, na joka huonekana hai, lakini hai katika siku zake za mwisho, mgonjwa, asiye na dawa ila tunda la mti mmoja ambao mche wake wataka miaka mingi kukua. Link huuchukua mche na, kwa kupitia lango jingine la zama lisilohusiana na jiwe hili, huupanda kale, katika hekalu la mbali, kisha hurudi leo akaukuta mti mzima umezaa. Hulichuma tunda, akamrudia joka ndani ya duara, akamlisha. Baadaye, hata bila jiwe kupigwa, joka yupo bondeni, hai, ananguruma. Katika nchi nzima ya Lanayru, kwa kadiri nilivyoona, ni huyu peke yake aliyepona na kuivuka mipaka ya duara, na hakuponywa na jiwe. Aliponywa na mti uliopewa muda wake wa kukua.

Nilipotoka pale usiku ule nilijiuliza kama mambo haya yana asili yo yote katika dunia yetu, au ni ndoto tupu. Nimeyasoma na kuyapima, na naona yana asili.

Jangwa lililokuwa bahari lipo. Huko Misri, magharibi ya mto Nili katika jimbo la Fayum, kuna bonde ambalo Waarabu huliita Wadi al-Hitan, yaani Bonde la Nyangumi, na jina si la majazi: juu ya mchanga, chini ya jua, imelala mifupa ya nyangumi wa kale waliokufa yapata miaka milioni 40 iliyopita, wakati bahari ilipokuwa imefunika nchi ile, na baadhi yao wana vijiguu vidogo vya nyuma, kumbukumbu ya mababu zao waliotembea nchi kavu. Shirika la UNESCO liliingiza bonde hilo katika urithi wa dunia mwaka 2005. Atazamaye picha zake, uti wa mgongo ukiwa umepangika pingili kwa pingili mchangani, atadhani amelikuta joka la Lanayru kabla jiwe halijapigwa. Na si hilo tu: Sahara yenyewe, tangu miaka kama 11,000 hadi kama 5,000 iliyopita, ilikuwa na maziwa na majani, na viboko na mamba, na watu wachungao ng'ombe, ambao michoro yao ingali juu ya majabali ya Tassili n'Ajjer nchini Algeria, kisha mwelekeo wa dunia kwa jua ukabadilika polepole kama ulivyo mzunguko wake, mvua za msimu zikapungua nguvu, na mchanga ukatwaa mahali pa majani.

Na mawe yanayohusiana na wakati yapo vile vile, ila kazi yao ni kuutunza. Kuupinda hayawezi. La kwanza ni kwatsi, lile jiwe jeupe kama kioo ambalo kila mchimba dhahabu amelivunja kwa nyundo. Mwaka 1880 ndugu wawili wa Kifaransa, Jacques na Pierre Curie, waligundua kuwa fuwele za namna ya kwatsi zikibanwa hutoa umeme, na ikaja kujulikana kuwa zikitiwa umeme hutetemeka. Na mtetemo huo ni wa kipimo kimoja usiochoka. Tarehe 25 Desemba 1969 kampuni ya Seiko ilianza kuuza mjini Tokyo saa ya kwanza ya mkono duniani iendeshwayo kwa kwatsi, nami siachi kuona kuwa nchi ile ile iliyofunga wakati wa dunia katika kipande cha jiwe ndiyo iliyokuja kubuni hadithi ya jiwe lifungualo wakati. Leo kijiwe kilichomo ndani ya saa ya kawaida hutetemeka mara 32,768 kwa kila nukta, na hesabu hiyo haikuchaguliwa ovyo: ikigawanywa kwa nusu mara 15 hubaki moja kamili, nayo ndiyo ile nukta isogezayo mshale.

La pili ni zirkoni, nalo ni ajabu zaidi. Ni punje ndogo ngumu, aghalabu si kubwa kuliko chembe ya mchanga, ambayo inapoganda kutoka katika mwamba ulioyeyuka hukubali kuingiwa na madini ya urani kidogo lakini huikataa kabisa risasi. Urani, kwa tabia yake ya asili, hugeuka risasi taratibu sana, kiasi kwamba nusu ya aina yake iliyo nyingi zaidi huchukua karibu miaka bilioni 4.5 kugeuka. Basi mtaalamu akiipata risasi ndani ya punje ile ajua kwamba haikuingia kwa mlango. Ilizaliwa humo humo, na kwa kupima kiasi cha mzazi na kiasi cha mtoto aweza kuutaja umri wa punje. Katika vilima vya Jack Hills, magharibi ya Australia, imepatikana punje ya zirkoni yenye umri wa miaka bilioni 4.4, na wataalamu walipoitangaza mwaka 2001 ikawa ndicho kipande cha kale kuliko vyote vya dunia hii vilivyopata kushikwa na mkono wa mwanadamu. Bahari zimekuja na kwenda, milima imeinuka na kusagika, nayo punje ile ikawa inahesabu.

Na kwetu pia jiwe limepata kuulizwa likajibu. Mwaka 1959 Mary Leakey aliliokota katika bonde la Olduvai, Tanganyika, fuvu lililopata kuitwa Zinjanthropus, ambalo jina lake lina neno Zinji, ndilo jina ambalo Waarabu waliupa mwambao wetu. Umri wake ulikisiwa kuwa kama miaka 600,000. Kisha Evernden na Curtis, wataalamu wa chuo kikuu cha California, wakayachukua majivu ya volkano yaliyokuwa tabaka moja na fuvu, wakayapima: ndani ya majivu kuna potasiamu, na sehemu ndogo ya potasiamu hugeuka hewa iitwayo argoni, mwamba ukiwa moto hewa hiyo hutoroka, ukipoa hunaswa ndani, hivyo kila mlipuko wa volkano ni kama saa iliyotiwa ufunguo upya. Jibu lililotangazwa mwaka 1961 lilikuwa miaka milioni 1.75. Kwa siku moja, historia ya mwanadamu katika ardhi yetu iliongezewa zaidi ya miaka milioni moja, na aliyeiongeza ni chembe za majivu.

Hapo ndipo nionapo kuwa watungaji wa Lanayru hawakutuongopea. Jiwe la zama hufungua duara dogo katika jangwa, ndani yake kilichopita kikaonekana, na nje yake jangwa likabaki jangwa; na mtaalamu wa miamba naye, kwa punje moja ya zirkoni au konzi moja ya majivu, hufungua duara lake, akaliona ziwa penye vumbi na nyangumi penye ngamia, kisha akiinua kichwa hukuta jangwa liko pale pale. Tofauti ni kwamba duara lake yeye halina nahodha wa kuzungumza naye. Fuvu la Olduvai halikuinuka likajifuta vumbi, na sidhani kama yuko mtafiti aliyelishika asitamani japo mara moja kwamba lingeinuka. Tamaa hiyo, ambayo elimu haiwezi kuitimiza, ndiyo iliyotimizwa na hadithi, na kwa sababu hiyo siiti hadithi hii upuuzi, bali naiweka karibu na elimu, kama jirani anayekopesha moto.

Zirkoni yenyewe haiko mbali nasi. Katika mchanga wa Kwale, kusini ya Mombasa, ilichimbwa kwa muda wa miaka kama kumi, pamoja na madini ya titani, ikasafirishwa kwa meli, mpaka machimbo yalipofungwa mwishoni mwa mwaka 2024. Na kazi kubwa ya zirkoni ulimwenguni ni kusagwa unga na kutiwa katika rangi ya vigae ili viwe vyeupe. Msomaji mwenye vigae vyeupe katika ukuta wa jiko lake yawezekana sana kuwa ameegemea saa za miaka mamilioni, na hakuna aliyemwambia.

Mpwa wangu amekwisha kuumaliza mchezo wake, na sasa anacheza mwingine ambao sikuufahamu. Lakini nilimwomba siku chache zilizopita anirudishe kwenye uwanda wa mchanga, akanirudisha bila kuuliza, akalipiga jiwe, nahodha akaamka, na safari hii usukani akanipa mimi. Basi namsihi kila mzee mwenzangu mwenye kijana nyumbani aliye na mchezo huu: usimkemee kwanza, vuta kiti, umwambie akupeleke Lanayru, na mfikapo baharini umwombe akuachie mashua.